"Labani ni mjomba": akina mama wa Newala na usomaji wa Biblia unaoitwa usasaleo

Mwalimu wa Uwandani (mleta uzi)

Wakuu, habari za jioni. Nimekaa na jambo hili tangu Jumatano, nimeona nilete hapa jukwaani maana kijijini sina wa kulijadili naye kwa marefu.

Mimi ni mwalimu wa sekondari huku Newala. Jumatano jioni huwa nawasomea Biblia akina mama wa kanisa letu. Wengi ni watu wazima, herufi ndogo haziwaonekanii tena, kwa hiyo mimi nasoma kwa sauti, wao wanasikiliza, kisha wanasema. Wiki hii tulikuwa Mwanzo 29. Yakobo amemkimbia kaka yake Esau, amefika karibu na Harani, amekuta kisima kimefunikwa jiwe. Habari ya kisima iliwagusa mapema, maana wote wana umri wa kukumbuka kuteremka bondeni alfajiri kutafuta maji, huku juu uwandani hakukuwa na maji.

Nikafika mstari wa 10. Bibi mmoja anayependa kukaa karibu na mlango, miguu ameinyoosha mkekani, akasema, "Mwalimu, rudia hapo." Nikarudia. Akanyoosha vidole vitatu. "Umesema mara tatu."

Nikatazama kitabu. Ni kweli. Mstari huo mmoja unataja mara tatu kwamba Labani ni ndugu wa mama yake Yakobo: Raheli ni binti wa Labani ndugu wa mamaye, kondoo ni wa Labani ndugu wa mamaye, Yakobo anawanywesha kondoo wa Labani ndugu wa mamaye. Nimeusoma mstari huu kwa zaidi ya miaka 20 na sikuwahi kuusikia. Bibi akasema, "Kumbe amekwenda kwa mjomba wake. Basi huyu si mgeni. Amekwenda kwao."

Kwa wasomaji wa mikoa mingine: huku kusini, Wamakonde, Wamakua, Wayao na Wamwera, ukoo hufuata upande wa mama. Kwa desturi ya wazee, mrithi wa mwanaume ni mtoto wa dada yake, na wana wake wa kuwazaa wanarithi kwa wajomba zao. Kijana akioa huhamia kwa wakwe na kuwalimia. Kumwoa binti wa mjomba halikuwa jambo la kushangaza. Sasa rudi kwenye Mwanzo 29 hadi 31 na macho hayo. Yakobo kufanya kazi miaka saba kwa ajili ya mke, wenzetu wanaona ni adha kubwa; kwa hawa bibi ndiyo ndoa yenyewe. Labani kumbadilishia bibi harusi usiku, Lea badala ya Raheli, ni jambo zito zaidi kuliko tunavyohubiri, kwa sababu anayedhulumiwa ni mwana wa dada, yule ambaye mjomba ndiye ngao yake duniani. Halafu nilipowadokezea kwamba sura ya 31, ambayo hatujaifikia, inafunguka na wana wa Labani wakinung'unika kwamba Yakobo ametwaa mali yote ya baba yao, mama mmoja aliuliza kwa dhati kabisa: "Wao wanadai nini? Mali ya mjomba si ya mpwa?"

Nilirudi nyumbani usiku ule sina usingizi.

---

Mwalimu wa Uwandani

Naendelea. Naomba mnivumilie, sehemu hii ni ya vitabuni kidogo.

Chuoni tulifundishwa kwamba mfasiri mzuri ni yule anayeacha nafsi yake mlangoni. Unauliza nani aliandika, lini, kwa lugha gani, kwa kutumia vyanzo gani, halafu unapata maana moja, safi, ambayo Mjerumani na Mmakonde wataikubali sawasawa. Ni njia iliyofanya kazi kubwa na siibezi. Lakini tangu miaka ya 1960 kumekuwa na watu wanaoitilia shaka ile nafsi iliyoachwa mlangoni. Wanasema haijaachwa, imefichwa. Hao ndio huitwa wa usasaleo, wengine husema baada-usasa.

Mwanafalsafa Mfaransa Jean-François Lyotard aliandika mwaka 1979 kwamba alama ya zama hizi ni watu kutoziamini tena simulizi kuu, zile hadithi kubwa zinazodai kueleza kila kitu kwa kila mtu. Jacques Derrida, mwanafalsafa mzaliwa wa Algeria, alileta mwaka 1967 kile ambacho wahakiki wetu wa Kiswahili wanakiita udenguzi. Watu hudhani udenguzi ni kubomoa tu. Ukimsoma kwa subira, ni kuangalia mahali ambapo andiko linajivuta lenyewe, neno linalosukumwa pembeni lakini haliachi kurudi. Mhakiki Mfaransa Roland Barthes alitangaza kifo cha mwandishi, maana yake kwamba andiko likishatoka halina tena mlinzi mmoja wa maana yake. Na Stanley Fish, mhakiki wa Marekani, mwaka 1980, akasema maana huzaliwa ndani ya jamii za wafasiri: watu waliofundishwa kusoma pamoja huona pamoja.

Barthes huyo huyo, mwanzoni mwa miaka ya 1970, aliichambua Mwanzo 32, Yakobo akipigana mweleka usiku na yule mtu asiyejulikana. Aliona jambo ambalo mtoto yeyote wa kijijini anayejua mieleka angeliona: aliyepiga pigo la mwisho, lile la uvungu wa paja, ndiye anayeomba aachiliwe. Hadithi zote tunazozijua, mwenye pigo la mwisho ndiye mshindi. Hii inakataa. Barthes hakuja na jibu la nani alikuwa nani, alituachia tukodolee macho hapo hapo.

Ninachotaka kusema ni kwamba bibi wa Newala hajasoma hata mmoja wa hawa. Lakini alichofanya Jumatano ni kazi yao, na aliifanya vizuri kuliko mimi niliyefundishwa. Alisoma akiwa mahali fulani, hakupaficha, na kwa sababu ya mahali hapo akaona maneno yaliyoandikwa mara tatu ambayo mimi niliyapita. Nyie mnaonaje?

---

Mlinzi wa Neno

Mwalimu, nimekusoma kwa heshima lakini siwezi kunyamaza. 2 Petro 1:20: "hakuna unabii katika maandiko upatao kufasiriwa kama apendavyo mtu fulani tu." Unafungua mlango ambao hutaweza kuufunga.

Nikupe mfano wa hapa hapa Masasi, msimu wa korosho uliopita. Mnada umefanyika, wakulima wamelipwa kupitia chama cha msingi, wiki hiyo hiyo akaja mhubiri mgeni na turubai lake. Siku tatu mfululizo akahubiri Malaki 3:10, leteni zaka kamili ghalani. Akasema ghala ni yeye. Shangazi yangu, mjane, alitoa fedha aliyokuwa ameitenga kwa ajili ya salfa, dawa ya mikorosho, ya msimu unaofuata. Mikorosho yake mwaka huu imeshikwa na ubwiriunga, unaijua hali inavyokuwa, maua yanakauka kama yamechomwa moto. Mhubiri ameshahama. Sasa kama kila mtu anasoma kutoka alipokaa, yule naye amesoma kutoka alipokaa. Utamwambia nini?

Na la pili, Israeli walihesabu ukoo kwa baba. Ibrahimu, Isaka, Yakobo. Hao bibi wameleta desturi yao wakaivika Biblia. Hiyo ni kulilazimisha andiko.

---

Mwalimu wa Uwandani

Ndugu yangu Mlinzi, pole sana kwa shangazi. Swali lako ndilo swali lenyewe, na sitalikwepa.

Yule mhubiri hakusoma kutoka alipokaa. Alificha alipokaa. Alisimama mbele ya watu kana kwamba ni Malaki anayesema, wakati aliyekuwa anasema ni mtu mwenye kapu. Mwanafalsafa Mfaransa Michel Foucault alitufundisha kuuliza swali moja rahisi kuhusu kila tafsiri inayojiita ukweli mtupu: nani anapata nguvu hapa, na nani anaipoteza? Shangazi yako angekuwa amezoea kuuliza hivyo, na kanisa lake limemruhusu kuuliza, pengine salfa ingekuwa ghalani kwake.

Kisha fungua Malaki yenyewe. Rudi nyuma mistari mitano tu. Katika 3:5 Mungu anasema atakuwa shahidi mwepesi juu ya wanaomwonea mwajiriwa katika ujira wake, wanaomwonea mjane na yatima. Mjane! Na ukirudi hadi sura ya 2, inafunguka kwa kuwakemea makuhani. Kwa hiyo andiko lenyewe lilikuwa linampinga mhubiri pale pale alipoliweka kidole. Hapa ndipo mimi naachana na wale wa usasaleo wanaosema andiko halina nguvu yoyote mbele ya msomaji. Lina nguvu. Linasukuma. Mwanateolojia Kevin Vanhoozer aliandika kitabu kizima mwaka 1998 kutetea hilo, kwamba ndani ya andiko kuna mtu anayesema nasi na ana haki ya kusikilizwa, na ingawa simfuati kila mahali, hapo nipo naye.

Bibi wa Newala alisukumwa na maneno matatu yaliyomo. Mhubiri aliyaruka maneno yaliyomo. Hiyo si tofauti ndogo.

Kuhusu ukoo wa baba, umenikamata na nakiri. Mwanzo yenyewe inahesabu kwa baba. Lakini usiharakishe. Rebeka ndiye aliyemtuma Yakobo kwa kaka yake. Msimulizi ndiye aliyesema "ndugu wa mamaye" mara tatu, si bibi. Kitabu kinachohesabu kwa baba kina mahali kinakumbuka upande wa mama kwa nguvu namna hiyo. Nasubiri tufike sura ya 31 niwasikie wenyewe, nitaleta mrejesho.

---

Binti Mikindani

Assalaam alaykum na habari zenu. Mimi ni Mwislamu, naomba nichangie kama jirani, maana huku kwetu Mikindani hakuna nyumba isiyo na ndugu wa upande wa pili.

Niliposoma uzi huu nilimkumbuka Bi Hajara. Kwenu Union Version, ile tafsiri ya Biblia ya Kiswahili, inamwita Hajiri, sivyo? Sisi tunamkumbuka kila hija, ile sai kati ya Safa na Marwa ni mbio zake yeye akimtafutia mwanawe maji. Nilipokuwa sekondari rafiki yangu Mkristo alinisomea habari zake kwenye Mwanzo 16 na 21, na nilishangaa kwamba kwenye mahubiri wanayoyasikia yeye ni kama kosa tu lililosahihishwa. Mjakazi aliyeleta matatizo ndani ya nyumba.

Baadaye nikapata kujua kuna msomi wa Marekani, Phyllis Trible, aliyeandika mwaka 1984 juu ya wanawake wanne wa Biblia wanaoteswa: Hajiri, Tamari binti Daudi, yule suria wa Mlawi katika Waamuzi 19, na binti Yeftha. Trible anaonyesha kwamba Hajiri ndiye mtu wa kwanza katika Biblia kumpa Mungu jina. Mjakazi! Katika Mwanzo 16:13 anamwita Mungu anayeniona. Sarai na Abramu hawamwiti hata yeye kwa jina lake katika sura hiyo, wanasema "mjakazi". Malaika ndiye anayemwita Hajiri.

Mimi nimezaliwa pwani hii. Misafara ya watumwa ilishuka huku kutoka Nyasa. Nikiisoma habari ya mjakazi anayefukuzwa na kiriba cha maji begani, siisomi kama mtu ambaye bibi zake walikuwa akina Sara.

---

Mjukuu wa Masasi

Dada Binti Mikindani, umenigusa. Niongeze la kwetu.

Masasi ya Wakristo ilianzishwa mwaka 1876 na watumwa waliokombolewa. Askofu Edward Steere alitoka nao Unguja, wakashuka Lindi, wakapanda bara kwa miguu. Steere huyo huyo ndiye aliyekuwa anaitafsiri Biblia kwa Kiswahili cha Unguja. Yaani mtu mmoja, mkono mmoja umeshika kalamu ya tafsiri, mwingine unawaongoza watu waliotolewa minyororo.

Sasa chukua Warumi 1:1 katika Union Version: Paulo, mtumwa wa Kristo Yesu, aliyeitwa kuwa mtume. Tafsiri ya Habari Njema ya miaka ya 1990 inasema mtumishi. Nani alibadilisha na kwa nini? Naelewa huruma iliyopo, neno mtumwa linauma. Lakini angalieni Kiswahili kinafanya nini hapo: mtumwa, mtume, mtumishi, zote zinatoka kwenye tuma. Mtumwa ni aliyetumwa. Mtume ni aliyetumwa. Kwa Kigiriki ni maneno mawili yasiyofanana kabisa, *doulos* na *apostolos*. Kwa lugha yetu, neno la aibu na neno la heshima ni ndugu wa tumbo moja. Babu wa babu yangu akisikia mstari ule kwa mara ya kwanza, mtu aliyeuzwa, alisikia kitu ambacho Paulo mwenyewe hakukiandika. Je, maana hiyo ni ya uongo kwa sababu Paulo hakuijua? Mimi siwezi kusema ni ya uongo.

Na tafsiri haijawahi kukosa upande. Karl Roehl alitoa Biblia ya Kiswahili mwaka 1937 akijitahidi kupunguza maneno yenye asili ya Kiarabu. Huo ulikuwa uamuzi juu ya nani ni mwenye Kiswahili. Musa Dube, msomi wa Biblia wa Botswana, ameonyesha jinsi Biblia ya Kitswana ilivyoyafanya *badimo*, wazee waliotangulia, kuwa mapepo. Ukoo mzima wa mtu unageuzwa mapepo kwa neno moja la mtafsiri.

---

Mkatoliki wa Ndanda

Niseme kwa ufupi. Kanisa langu halikuikimbia mada hii. Tume ya Kipapa ya Biblia ilitoa hati mwaka 1993 juu ya ufasiri wa Biblia, ikazipitia njia nyingi, pamoja na usomaji wa ukombozi na wa kifeministi, ikataja faida na hatari za kila moja. Na maneno yake makali kuliko yote yaliwalenga wanaosoma neno kwa neno bila kujali historia wala lugha. Mlinzi, hilo ulitafakari pia: kusema "mimi nasoma kama lilivyo" nako ni mahali pa kukaa.

---

Mlinzi wa Neno

Nimesoma yote. Msimamo wangu haujahama: neno la Mungu ni moja. Ila la Malaki 3:5 sikuwa nimeliona, nimelisoma leo asubuhi na shangazi. Alinyamaza muda mrefu, kisha akaniomba nimpigie mstari kwa kalamu.

Mwalimu, lete mrejesho wa sura ya 31. Nataka kuona hao bibi watafanya nini andiko likiwageuka.

---

Mwalimu wa Uwandani

MREJESHO

Wakuu, nilichelewa kwa sababu ya mitihani, halafu na mvua. Tumesoma sura ya 31 yote, jioni mbili.

Kwanza vinyago. Mstari wa 19, Raheli anaiba vinyago vya baba yake. Mnajua neno hilo hapa kwetu ni nini. Mama mmoja mwanawe ni mchongaji, anauza Mtwara mjini, ada za shule zimelipwa na mpingo. Alikaa kimya nikaona uso wake umebadilika. Nikaeleza kwamba kwa Kiebrania ni *terafimu*, miungu ya nyumbani, na kwamba wasomi walibishana sana kwa nini Raheli aliichukua. Wapo waliotumia mabamba ya udongo ya Nuzi, kule Iraki, kusema aliyeishika alikuwa na haki ya urithi, na wapo waliokataa kwamba mabamba yanasema hivyo. Bibi wa mlangoni hakungoja nimalize. "Nyumba ni ya binti. Vya ndani ya nyumba ni vya binti. Hakuiba." Nikamwonyesha kwamba kitabu kinasema aliiba. Akasema, "Aliyeandika alikuwa mwanaume, hakuuliza." Nimeliandika hilo daftarini kama lilivyo.

Kisha likaja lile alilolisubiri Mlinzi. Yakobo anaondoka kwa siri, wake na watoto juu ya ngamia, wakati Labani amekwenda kukata kondoo manyoya. Nilidhani watamtetea mpwa aliyedhulumiwa, mshahara kubadilishwa mara kumi, miaka 20 ya jua na baridi. Nimehubiri hivyo mimi mwenyewe mara nyingi: Labani mlaghai, Yakobo ameponyoka. Nikafika mstari wa 28, Labani anasema hukuniacha niwabusu wanangu na binti zangu.

Bibi akafunika uso kwa khanga.

Mama aliyekaa pembeni yake ndiye aliyenieleza, kwa sauti ya chini. Miaka kadhaa nyuma mkwe wake alikuja na gari usiku, akachukua mke na wajukuu watatu, wakaenda Dar es Salaam. Bibi alikuwa shambani, msimu wa kuokota korosho, alilala huko kulinda. Aliporudi akakuta mlango umefungwa kwa kamba. Watoto hao kwa desturi ni wa nyumba yake. Hajawaona tangu hapo.

Mlinzi, hapa andiko liliwageuka kweli. Mwanzo haimlaumu Yakobo. Mungu mwenyewe amemwambia arudi nchi ya baba zake, na anamtokea Labani ndotoni kumwonya. Sikulificha hilo, nililisoma. Nikasema wazi kwamba kitabu kipo upande wa Yakobo. Bibi akasema, "Nimesikia. Lakini kimeacha maneno ya mjomba ndani." Na ni kweli, kimeyaacha. Kingeweza kuyafuta. Mwandishi aliyetaka Labani awe mwovu tu asingeandika mstari wa 28. Derrida angetumia kurasa 60 kufika hapo.

Mjadala ulikuwa mrefu. Mama mwenye mwana mchongaji alimtetea Yakobo hadi mwisho, alisema mkwe anayeonewa ana haki ya kwenda, na mume wake mwenyewe aliteswa na wakwe. Hawakukubaliana na sikuwalazimisha. Niliwauliza wote jambo moja tu, waonyeshe mstari.

Tukamalizia mstari wa 55. Labani anaamka alfajiri, anawabusu wana wake na binti zake, anawabariki, anarudi mahali pake. Baada ya hapo haonekani tena katika simulizi, hutajwa jina tu. Niliufunga mstari huo na Biblia. Bibi akaniomba niufungue tena, nisome polepole, na safari hii akawa anaufuata kwa midomo, maneno ya "akawabusu" akayasema kabla yangu.

Jumatano ijayo ni mto Yaboki, ule mweleka wa sura ya 32. Mwenye swali alilete mapema, nitalipeleka kwao.